Mgongo wa Makame

Nakumbuka Ijumaa moja ya mwezi wa mfungo tano, mwaka wa hamsini na nane, tulipomzika Makame, jirani yangu wa Kikwajuni na mwenzangu tangu chuoni tulikosoma Kurani. Siku ile nilimpoteza mtu niliyemkosea, akanisamehe, kisha akanifundisha. Mwanangu, nakuandikia wewe unayepanda miti na mapaa, na wewe utakayekuwa wa kwanza kufika mwenzako akianguka. Shule nilifika darasa la nne tu. Nitasema nilichokiona na nilichokifanya, hata pale kinaponiaibisha.

Makame aliishi miaka minne na mgongo uliovunjika. Wakati ule watu walituambia mtu wa namna hiyo hamalizi mwaka.

Msimu wa karafuu wa mwaka wa hamsini na nne ulipoingia tulikwenda mashamba ya kaskazini kuchuma, kama walivyofanya vijana wengi wa mjini. Makame ndiye aliyekuwa mwepesi kuliko sote, basi sehemu za juu zilikuwa zake. Mkarafuu ni mti wa kuogopa, mwanangu. Tawi lake nene linaweza kukatika kama biskuti. Asubuhi ile alikuwa juu, akivuta matawi kwa kijiti chake cha ndoano na kutukejeli tuliobaki chini.

"Nyie wazee! Mnachuma au mnahesabu majani?"

Tawi likalia. Aliangukia mgongo, juu ya mzizi.

Nilimfikia wa kwanza. Macho yake yalikuwa wazi. Alisema, "Mgongo, mgongo," na mimi nikaona kidole gumba cha mguu wake wa kulia kikicheza. Nilikiona vizuri, kwa sababu kilikuwa na tope jekundu kuchani. Watu wakapiga kelele: "Mwinueni! Mkalisheni, damu isije ikalala!" Ndivyo tulivyozoea. Aliyeanguka mtini huinuliwa upesi, hukalishwa, hupewa maji, ikiwezekana hutembezwa hatua mbili tatu. Nami nikampitishia mikono kwapani, nikamwinua. Alipiga ukelele mmoja. Kisha akaniuliza kwa sauti ya kawaida kabisa, "Miguu yangu mmeipeleka wapi?"

Lilikuwepo lori linalokwenda mjini na magunia ya karafuu. Juu ya magunia palikuwa na nafasi ya kumlaza mtu akanyooka. Lakini tuliona si adabu kumpakia mwenzetu pamoja na mzigo, basi tukamkalisha mbele kwa dereva, kwenye kiti cha heshima. Mimi nilimshika kichwa, nacho kikiyumba kila gurudumu lilipoingia shimoni. Heshima ile naijutia mpaka leo.

Hospitalini daktari alimpima, akamchoma kwa sindano miguuni, Makame akawa anatazama dari tu. Daktari akauliza, na nesi mmoja wa makamo, Bi Zuwena, akatufasiria: "Alipoanguka, kabla hamjamgusa, miguu ilikuwa ikicheza?"

Wenzangu wakanitazama, kwa kuwa mimi ndiye niliyefika mwanzo.

"Sikuona," nikasema.

Baadaye Bi Zuwena alitueleza yaliyompata. Ndani ya mifupa ya mgongo, alisema, mnapita uti laini unaochukua habari kutoka kichwani mpaka miguuni na kuzirudisha. Mfupa ukivunjika huweza kuubana au kuukata, na kila kilicho chini ya hapo huzimika: miguu, haja kubwa na ndogo, hata maumivu. Mama yake Makame aliuliza dawa ni ipi.

"Dawa ya kuurudisha uti hatuna, mama," Bi Zuwena akamjibu. "Kuna kazi, na haina likizo."

Kazi yenyewe ilikuwa hii. Mgonjwa ageuzwe kila baada ya saa mbili, maana ngozi isiyosikia haimwambii mwenyewe kwamba imechoka, nayo huoza akiwa ametulia. Itazamwe kila siku. Mkojo utolewe kwa mpira, kwa mikono iliyooshwa. Miguu ikunjwe na kunyooshwa isije ikakakamaa. Asikandwe kwa kitu cha moto, kwani ataungua bila kujua. Alikaa hospitali miezi mingi, kisha akarudishwa nyumbani, na kazi ikamwangukia mkewe, Riziki, nao walikuwa hawajatimiza mwaka tangu harusi.

Mwanangu, nimewaona watu hodari katika maisha yangu. Sijamwona mwingine kama yule. Nyumba yao haikuwa na saa. Jirani wa nyumba ya pili alikuwa na saa ya ukutani inayogonga, basi Riziki alimwomba asifunge dirisha la upande ule, akawa anamgeuza mumewe kwa saa ya watu. Ami yake Riziki, ndugu wa babake, alikuja siku moja kumchukua arudi kwao. Nilikuwepo.

"Twende zetu, mwanetu," ami alisema. "Wewe bado kijana. Hapa umebaki kuuguza."

Riziki alikuwa ametega sikio dirishani. "Ami, saa imegonga," akasema. "Tutazungumza, lakini kwanza njoo ushike miguu."

Ami akavua kanzu, akashika miguu. Hakusema tena habari ya kuondoka, na kila alipokuja mjini alipitia kugeuza.

Mimi nilipewa zamu ya alasiri. Mwanzoni Bi Zuwena alikuja kutusimamia, kwani hakuwa akikaa mbali. Alitufundisha kuwa watatu, mmoja mabegani, mmoja kiunoni, mmoja miguuni, ili mwili ugeuke wote kwa pamoja kama ubao. Mimi nilikuwa na pupa.

"Wewe!" akanikemea. "Unageuza mgonjwa au unageuza chapati?"

"Mwache, nesi," Makame akasema, uso wake umebanwa kwenye mto. "Upande huu nshaiva."

Ndivyo alivyokuwa. Siku ya maulidi ya mtaani tulimsahau kutoka adhuhuri mpaka karibu na magharibi, akatokewa na kidonda juu kidogo ya kitako, sawa na shilingi. Kilichukua miezi kufunga. Riziki hakumlaumu mtu. Alishona mto wa sufi wenye tundu katikati, akauweka pale, na siku za sherehe zilizofuata hakutoka. Fundi baiskeli wa mtaani naye alitwaa kiti na magurudumu mawili ya zamani, akamuundia Makame kiti cha kutembelea. Akawa anakaa barazani akishona kofia za viua, zile za kudarizi kwa sindano. Kila baada ya kitambo alijiinua kwa mikono yake miwili, akahesabu polepole, akashuka, ili damu ipite. Watoto walidhani ni mchezo.

Nami nilikuwa na jambo langu moyoni. Kila nilipomshika nilikiona kile kidole chenye tope. Siku moja baada ya alasiri, tulipokwisha kumgeuza na wenzangu wakatoka, nilishindwa kuondoka.

"Makame," nikasema, "mimi ndiye niliyekuinua. Na kidole chako kilikuwa kikicheza."

"Nnajua," akasema. "Nilikuwepo, ati."

Nikakaa ukingoni mwa kitanda.

"Kwa kuniinua hukunikera," akaendelea. "Ungekuwa umeanguka wewe, ningekuinua mimi, tena kwa fujo zaidi. Lakini daktari alikuuliza. Nilikuwa nimelala pale nnakusikiliza. Ukasema hukuona. Hilo ndilo lililoniuma, na mimi siumwi pengi siku hizi."

Nikalia. Aliniacha nilie. Kisha akasema, "Nshakusamehe zamani. Ila kesho nenda kamwambie Bi Zuwena. Wako watu wengine wataanguka."

Nilikwenda. Bi Zuwena alinisikiliza mpaka mwisho, akaniambia jambo lililonifaa kwa kuwa halikuwa la kunibembeleza. Alisema hakuna ajuaye. Huenda uti ulikuwa unaharibika tayari, huenda mikono yangu iliumalizia, huenda lori. "Sasa nitakuonyesha inavyopasa," akasema, "na ukiijua usinyamaze nayo." Akanionyesha namna ya kukizuia kichwa, namna ya kumuuliza mtu kama anasikia vidole, na kwamba mlango uliong'olewa ni kitanda kizuri cha kumchukulia. Jioni yake nilimsimulia Makame yote, naye akanirudisha nyuma mara mbili ili ayakamate vizuri.

Miezi michache baadaye mwezekaji mmoja, jina lake Mcha, aliporomoka kutoka paa la makuti, nyumba ya tatu kutoka kwangu. Watu walimkimbilia, mikono imeshanyooshwa. Makame alikuwa barazani na kofia yake. Sijapata kusikia sauti kubwa namna ile ikitoka katika kifua cha mtu.

"Asiguswe! Asiguswe, nyie! Leteni mlango!"

"Mlango wa nini?" mtu akauliza.

"Wa nyumba yoyote! Ng'oa!"

Nikang'oa wangu. Nilipiga magoti, nikakishika kichwa cha Mcha kati ya mikono yangu, nikamuuliza kama anasikia vidole. Alisikia ganzi mguu mmoja. Alitaka kuinuka, aliona haya kulala chini mbele ya wanawake. Makame akamwambia, "Lala, bwana! Mimi niliinuliwa, nitazame!" Akalala. Tukawa sita, tukahesabu, tukampandisha mlangoni kwa pamoja, tukampeleka hospitali amenyooka. Mfupa ulikuwa umepata ufa. Alilazwa wiki nyingi, na baadaye akatembea, kwa kuchechemea. Sisemi ni mlango uliomponya. Nasema hatukumwongezea.

Basi, mwanangu, nasaha yangu ni hii. Mtu akianguka, zuia mikono yako kwanza, hata umati ukikupigia kelele. Usimkalishe, usimwinue, usimpe kiti cha heshima. Muulize, kishike kichwa chake, ita watu, tafuta ubao, mnyanyue pamoja. Ukiulizwa ulichokiona, sema, hata kama kinakuhukumu. Na ikiwa miguu yake haitarudi, usimhesabie siku. Mgeuze, tazama ngozi yake, mpe kazi ya mikono, umwache atanie. Mwenyezi Mungu akulinde na maporomoko, akupe mikono yenye subira, na siku yako ya kulala ikifika akujaalie watu wa kukugeuza taratibu.

Makame aliondoka kwa maradhi ya figo, ambayo Bi Zuwena alikuwa ametuonya mapema kwamba huwavizia watu wa hali yake. Nilikuwa mmoja wa waliomwosha. Tulipofika kumlaza ubavu, mwoshaji akataka kumsukuma peke yake, nami nikamzuia. Tukashika watatu, mabegani, kiunoni, miguuni. Nikapitisha maji mgongoni. Palikuwa na kovu moja tu, lile la siku ya maulidi, sawa na shilingi. Kwingine kote ngozi ilikuwa nzima kama ya mtu aliyelala jana. Miaka minne.

Riziki alikuwa nyuma ya pazia, akasikia maji yanavyokwenda.

"Mmemgeuza pamoja?" akauliza.

"Pamoja, shemegi," nikamjibu.