Mjadala Aliomalizia Shangazi

Enzi zetu kule Karema, kabla sijaolewa huku Ilembo, redio ilikuwa moja tu, ya Mzee Severini, fundi seremala. Jumapili mchana kulikuwa na kipindi cha wasomi kujadiliana. Majirani wote tulijaa uani kwake: Mzee Kasiano, Mama Skola, na mapacha wa Gaudensia. Mihogo ya kuchemsha inapita, dagaa wananukia kwenye mchanga. Kipindi kikiisha, akina baba nao wanajadili vilevile, "Ndugu mwenyekiti, napinga hoja," huku mdomo umejaa mhogo.

Jumapili moja hoja ilikuwa yangu kabisa: mtoto wa kike asome au asisome? Baba yangu, Melkiori, alikuwa amesema, "Ngojeni tuwasikie wasomi, ndipo nijue kama huyu Veronika wangu ataandikishwa shule." Bwana mmoja redioni akapinga kwa maneno marefu, baba anatikisa kichwa kukubali. Mama mmoja msomi akaanza kumjibu. Mara sauti ikawa nyembamba, ikakatika. Betri zimekwisha nguvu, na wa kuzianika juani pamoja na dagaa, zipate nguvu tena, nilikuwa mimi. Nilikwenda kucheza rede, nikaziacha kivulini.

"Basi, aliyepinga kashinda," akasema Mzee Kasiano.

Shangazi Anastazia, dada yake baba, akasimama, akakaza khanga. "Ndugu mwenyekiti, naendelea pale alipoishia yule mama. Melkiori, barua ya mdogo wetu kutoka Mpanda alikusomea nani?"

"Severini."

"Na kabla jua halijazama Karema nzima ikajua kaachwa na mke. Veronika akijua kusoma, mambo yetu yatabaki ndani."

Watu walicheka, na Severini mwenyewe akacheka kuliko wote. Baba akainamisha kichwa, akasema, "Mwenyekiti, hoja imepita." Jumatatu nikapelekwa shuleni kwa masista. Nilifika darasa la nne tu, lakini barua za ukoo nilisoma zote, na mdomo nilifunga.

Siku hizi wajukuu wanasikiliza mijadala kwenye simu, kila mmoja na waya zake masikioni, nyumba kimya kama haina watu. Natamani niwasikie wakibishana hata kidogo. Juzi nikamuuliza mjukuu wangu Neema, "Wasomi wenu wameamua nini?"

"Bibi, wamesema muda wa kipindi umeisha."

Nilicheka peke yangu. Kipindi chetu kilikatika katikati, na bado mtoto akaandikishwa shule.