Masale Hayatembei

Mwalimu mkuu mpya aliponiletea mchele kutoka kwao Mabogini, nilimshukuru, nikaumwaga kwenye ungo na kuuchambua punje kwa punje nikitafuta alichokuwa anakitaka. Alikuwa na wiki mbili tu tangu ahamie shule ya msingi iliyopakana na kihamba changu, shamba letu la urithi. Mchele ulikuwa mweupe, hauna jiwe wala chuya. Hilo nalo likanitia shaka.

Niko hivyo, na sijaanza uzeeni. Mtu akinisalimia kwa sauti tamu kupita kawaida, namwangalia mikono. Wanangu walioko Moshi mjini husema mama yao angekuwa polisi angemweka ndani hata mkuu wa kituo. Waseme. Huku juu mlimani kihamba kimoja hugawiwa wana watano mpaka kila mmoja anabaki na mahali pa kufungia ng'ombe mmoja, na mimi bado ninacho cha kwangu chote.

Shule yenyewe naijua kuliko wanaofundisha pale. Majengo mapya ni ya matofali ya saruji, hayana cha kusimulia. Lakini liko jengo la zamani, la vyumba viwili, lililojengwa na wazazi kabla sijazaliwa kwa mawe meusi ya mtoni yaliyochongwa kwa mkono. Kuta zake ni nene kiasi kwamba mtoto anaweza kukaa dirishani na miguu isining'inie. Madirisha yenyewe ni madogo na yako juu, ati wanafunzi wasipoteze muda kuangalia nani anapita na majani ya ng'ombe. Mabati yameiva kutu mpaka yamefanana na udongo. Na katikati ya jiwe na jiwe, fundi wa zamani alipitisha nondo iliyopindwa kwenye saruji mbichi, ikaacha kijifereji chembamba kinachozunguka kila jiwe. Sijaona kazi kama ile kwenye jengo jingine lolote kijijini kwetu. Nilipokuwa darasa la pili nilikuwa nakifuata kijifereji kile kwa kidole, jiwe moja baada ya jingine, huku nikingoja zamu yangu ya kuchapwa.

Ardhi ya shule ilitoka kwetu. Babu yangu alikata kipande cha kihamba chake akakitoa, na mpakani akapanda masale. Kwetu mpaka hauwekwi kwa waya. Unapandwa sale, mmea wa majani marefu ambao hata ukiukata mara kumi unachipua tena, na ukishasimama mpakani hakuna mwenye akili timamu anayeugusa. Jani lake hilohilo, likifungwa fundo na kupelekwa kwa uliyemkosea, ni ombi la msamaha, na aliyepelekewa hawezi kulikataa. Kwa hiyo sale tunaliheshimu mara mbili.

Na mimi yale masale yetu nilikuwa na ushahidi nayo. Nilikuwa darasa la kwanza. Baba aliniamsha alfajiri, akanipakatisha mzigo wa masale, nami nikamfuata mpakani nikimpa moja moja akiyapanda. Yalikuwa mazito, na udongo wenye umande ulikuwa unadondoka kwenye sare yangu. Kengele ya shule, ile rimu ya gari iliyoning'inizwa kwenye mti, ikagongwa kabla hatujamaliza. Nikachapwa kwa kuchelewa na tena kwa uchafu, wala sikulia, kwa sababu baba alikuwa amenichagua mimi na si kaka zangu. Katika kumbukumbu zote za baba, hiyo ndiyo niliyoipenda zaidi.

Basi Jumamosi moja asubuhi, nikikata majani ya ng'ombe, nikamwona yule mwalimu mkuu na mwalimu mwenzake wameshika futi ya kamba, wanapima kutoka kona ya jengo la zamani kuja kwangu. Walipofika kwenye masale hawakusimama. Futi ikapenya, ikaja hadi katikati ya migomba yangu, na hapo mwalimu mkuu akachomeka kijiti chenye kitambaa chekundu. Kisha akatoa simu akapiga picha. Nilisimama nyuma ya mgomba na mundu mkononi, nimejaa hasira.

Aliponiona hakushtuka, na hilo liliniudhi zaidi. Akanipa shikamoo, akasema alikuwa njiani kuja kwangu. Akaeleza kwamba darasa la kwanza na la pili wanatumia chumba kimoja kwa zamu, na wale wa zamu ya mchana wanateremka nyumbani ukungu umeshaziba njia. Chumba kipya kinahitajika, na mahali pa tambarare hakuna isipokuwa hapo. Akanionyesha mchoro wa kiwanja cha shule. Kwa mchoro ule, ardhi ya shule ilivuka masale na kuingia kwangu hatua tisa.

Ulikuwa nakala. Nikauliza mchoro halisi uko wapi, akasema uko ofisini mjini. Nikauliza nani mwingine ameuona, akasema hajui. Basi nikaelewa ule mchele ulikuwa wa nini. Alipoondoka niling'oa kijiti chake nikakitia jikoni.

Hatua tisa si nyingi mtu akizisema. Lakini hapo ndipo ilipokuwa migomba yangu mizuri kuliko yote, na mikahawa minne aliyoiacha baba. Na kilichonikera zaidi hakikuwa migomba. Kama mpaka ule ulikuwa wa uongo, basi baba yangu alikuwa mtu aliyewaibia watoto ardhi aliyowapa baba yake, na mimi nimeilima miaka yote hiyo na kumwombea kanisani.

Wiki zile nilifanya kazi ya kuangalia tu. Pikipiki ya mtendaji wa kijiji ilisimama mlangoni kwa mwalimu mara mbili. Mwenyekiti wa kamati ya shule alibadilisha njia asipite kwangu. Jirani yangu mzee, mjane wa ng'ambo ya mfereji, alikuwa anampelekea mwalimu maziwa kila asubuhi. Wote niliwaweka akilini, kila mmoja na lake.

Mkutano wa wazazi ulifanyika ndani ya jengo la zamani, watu wazima tumebanana kwenye madawati ya watoto. Mwalimu alizungumza taratibu, akaupitisha mchoro wake. Zamu yangu ilipofika nilisimama. Nikasema babu yangu alitoa ardhi hii bure na leo wanataka na iliyobaki. Nikasema karatasi kama ile inatengenezwa mjini wakati mtu anamalizia chai. Nikasema mgeni akija na futi yake hawezi kutufundisha mipaka iliyopandwa mbele ya macho yetu, kwa kuwa mimi nilikuwepo, darasa la kwanza, na masale yale niliyashika kwa mikono hii.

"Masale hayatembei," nikamalizia.

Wanaume waligonga madawati. Mtu nyuma akacheka kwa furaha. Mwalimu aliikunja karatasi yake mara mbili, akakaa, akawa anaangalia sakafu. Jirani yangu mzee peke yake hakugonga dawati. Aliniangalia kama unavyomwangalia mtoto aliyevaa gauni kinyume na bado hajajua. Nikasema moyoni kwamba yale maziwa yanafanya kazi.

Nilitoka nimeshinda, na aliyeshinda hulala. Mimi sikutulia. Nikaamua kupanda migomba mipya palepale kilipokuwa kijiti, ili hata wakija na mpimaji wa serikali wakute pamejaa. Shimo la mgomba huchimbwa likaenda chini. Nilipofika usawa wa goti jembe likagonga jiwe. Mlimani mawe si habari. Nikasogea kidogo, likagonga jingine, kwa kina kilekile. Na la tatu hivyohivyo.

Nikapiga magoti nikafukua kwa mikono. Yalikuwa mawe meusi yaliyochongwa, yamepangwa, yana kona, na katikati yake kuna saruji. Kidole changu kikaingia chenyewe kwenye kijifereji na kuanza kuzunguka jiwe. Nakiri kwamba wazo langu la kwanza lilikuwa kwamba mwalimu ameyazika yeye ili anitege. Lakini mizizi ya mgomba wangu wa zamani ilikuwa imeyakumbatia yale mawe, na mgomba ule umemzidi umri huyo mwalimu.

Ulikuwa msingi wa darasa, na mstari wa kwanza wa ukuta juu yake. Udongo unaoshuka kila masika pamoja na samadi yetu vilikuwa vimeufunika. Kona yake ilitazamana sawasawa na kona ya jengo la zamani.

Nililifukia shimo, nikatandaza majani makavu ya migomba juu yake, nikaenda kukamua ng'ombe. Hakuna aliyeniona. Siku mbili nzima nilizunguka na siri hiyo, nikiogopa kila anayepita njiani, hata watoto. Ningeweza kunyamaza mpaka kufa. Niliogopa zaidi kwamba ningeweza kweli.

Siku ya tatu nikavuka mfereji kwenda kwa jirani yangu mzee. Nikampa shikamoo, nikakaa kwenye kigoda, nikamuuliza kuhusu mawe bila kumweleza kwa nini. Hakujifanya hajui. Alisema waliyabeba wenyewe wakiwa wanafunzi, kila mmoja jiwe moja kutoka mtoni kabla ya kengele. Kilikuwa kiwe chumba cha tatu. Saruji ikaisha, fundi akaondoka, nyasi zikaota. Mimi nilikuwa sijazaliwa. Miaka mingi baadaye, babu akiwa ameshafariki, baba yangu aliomba apande maharage pale kwa muda, pasikae bure. Maharage yakafuatwa na migomba. Halafu asubuhi moja watu wakaona masale yamesimama kati ya msingi na shule.

Nikamuuliza kwa nini hakuna aliyesema. Akanijibu kwa kuuliza nani angeng'oa sale. Walimheshimu mtoto wa aliyetoa ardhi, wakangoja aone aibu mwenyewe ayarudishe. Aliugua akafa, na waliokuwa wakingoja nao wakafa, na vijana wakakuta masale wakayaamini.

Nikasema hayo ni maneno, masale yale ni ya babu. Hapo akaweka kikombe chini.

"Mwanangu, babu yako alipanda ya kwake kabla baba yako hajaoa. Wewe ulisema mbele ya watu kwamba ulikuwepo. Sasa uliyashika yapi?"

Nilikuwa nimeisimulia asubuhi ile maisha yangu yote, na rimu inagongwa ndani yake, ya shule iliyokuwa kongwe tayari, yenye mpaka wake. Na ule udongo. Mtu anayepanda sale jipya hukata kipande cha shina akakichomeka ardhini, hakina mizizi wala uzito. Niliyopakatishwa mimi yalikuwa na mizizi na udongo wa mahali pengine, yameng'olewa dakika hiyohiyo. Baba hakunichagua kwa kunipenda kuliko kaka zangu. Kaka zangu walikuwa wakubwa, wangeuliza. Nililia pale kwa jirani, nikaona aibu ya kulia.

Kesho yake nilikata jani la sale, nikalifunga fundo, nikaenda ofisini kwa mwalimu mkuu. Nikaliweka juu ya meza yake na kusimama. Kwetu hapo kazi imekwisha: mwenye jani hasemi mengi, na aliyeletewa analipokea. Lakini yeye ni mtu wa tambarare, wa mashamba ya mpunga, na jani lile lilikuwa jani tu. Aliliangalia, kisha akaniangalia mikono, jinsi mimi ninavyowaangalia watu.

"Mama, hili ni la nini?"

Nikalazimika kusema kwa mdomo wangu. Nilimwambia mchoro wake ni wa kweli, kwamba chini ya migomba yangu kuna msingi wa shule, kwamba baba aliyahamisha masale na mimi nilimbebea. Nilimwambia nilimwita mwongo naye hakuwa mwongo.

"Ulinisema mbele ya wazazi wote, mama," akasema. "Wao hili jani hawajaliona."

Nilikasirika, nikataka kumweleza kwamba sale halikataliwi. Lakini hakuwa amelikataa. Kwa hiyo kwenye mkutano uliofuata nikasimama mahali palepale, jani jingine la sale mkononi, nikayarudia yote mbele ya watu waliokuwa wamenigongea madawati. Safari hii hakuna aliyegonga. Mwenyekiti wa kamati alikohoa, akatangaza siku ya msaragambo ya kufukua msingi, kila nyumba itoe mtu mmoja na jembe.

Siku hiyo watu waliukuta msingi mzima, pande zote nne, na fundi akasema ukioshwa vizuri unabeba ukuta. Migomba yangu ilikatwa na mikahawa minne ikang'olewa. Mwalimu aliniita nimshikie ncha ya futi kwenye kona ya jengo la zamani. Niliikagua kwanza nione kama kweli inaanzia sifuri. Akaniona, akatabasamu, nami sikuomba radhi kwa hilo.

Ilipofika zamu ya masale hakuna aliyetaka kuyagusa, basi nikayang'oa mimi. Nikayapakata na mizizi yake, nikaanza kuyarudisha alikoyaweka babu. Mwalimu alikuwa anahesabu hatua kwa sauti, na mimi nikizihesabu kimoyomoyo nisije nikapunjwa. Zilikuwa tisa. Udongo ulinidondokea kwenye gauni kama siku ile, na safari hii nilijua nimebeba nini.