Mbwa wa Macho Manne

Bibi aliniomba jambo moja tu, nami nilipata wiki sita za kulitayarisha. Alitaka siku atakayokufa, kabla mwili wake haujatolewa nyumbani, aletwe mbwa amtazame.

Hatukuwa ndugu. Alikuwa mzee wa Kiirani wa miaka themanini na kitu, akiishi Toongabbie, kitongoji cha Sydney, mitaa mitatu kutoka kwetu, nami nilikuwa mhudumu wake: kumwogesha, kumpa dawa, kumpikia uji wa shayiri alioulalamikia kila siku. Lakini mtu aliyelelewa Kitanga hawezi kumwita mwanamke wa umri ule kwa jina lake. Nikamwita Bibi, naye akajifunza kuitika. Tulizungumza Kiingereza, chake kibovu na changu cha kujifunza ukubwani.

Dini yake ilikuwa ile ya Zoroasta, dini ya Uajemi kabla ya Uislamu. Madrasa tulifundishwa kuwaita watu wake Majusi, waabudu moto. Siku ya kwanza aliona ninavyoiangalia taa yake ndogo pale rafuni.

"Siiabudu," alisema kabla sijauliza. "Nyinyi mkisali mnaelekea nyumba ya mawe. Mnaiabudu?"

"Hapana, Bibi."

"Haya. Leta chai."

Sikusoma chuo. Tulipofika Sydney, mimi na mama, niliingia kazini moja kwa moja, na tangu hapo najisomea mwenyewe, kwa simu na kwa vitabu vya maktaba, kwa hofu ya mtu anayedhani wenzake wote wanajua kitu ambacho yeye hakuambiwa. Nikianza jambo lazima nilijue mpaka mizizi. Nikikosea neno moja mbele ya mtu, nalirudia kichwani wiki nzima. Basi nilianza kuisoma Uajemi ili nisije nikasema upuuzi mbele ya Bibi. Siku moja nikajitapa kwamba ukoo wa mama yangu ni Washirazi.

Alinitazama kuanzia juu hadi chini. "Shirazi? Watu wa Shirazi wavivu, kila mtu anajua. Wewe huwezi kukaa dakika tano. Muulize mama yako vizuri."

Nikajitetea. Nikamweleza kwamba bibi yake mama, siku ya mwaka, siku ya Nairuzi, alizima mafiga yote ya nyumba, akatupa majivu, akaenda kuoga pwani, akarudi kuwasha moto mpya.

"Na Ramadhani alifunga?"

"Alifunga. Mpaka sita za Shawwal."

Alicheka mpaka nikalazimika kumpa maji. "Kwenu vimekaa nyumba moja," alisema. "Kwetu vilipigana."

Jinsi vilivyopigana alinisimulia taratibu, mara nyingi nikimkata kucha. Zilikuwa habari za ukoo wake. Kijijini kwao, karibu na mji wa Yazd, enzi za bibi wa bibi yake, mtu wa dini yao hakuruhusiwa kumpita Mwislamu akiwa juu ya punda. Alitakiwa ashuke. Siku za mvua walikatazwa kutoka, eti maji yaliyowachuruzika yangewatia wengine najisi. Mdogo wa babu yake alisilimu, na kwa kusilimu akapewa urithi wote, nyumba na bustani ya makomamanga, nduguze wakatoka na nguo walizovaa. Siku hiyo ya kusilimu, watu wa mtaani walimtaka ampige teke mbwa wa nyumbani hadharani, ili wamwamini. Walijua walichokuwa wanakidai. Katika dini yao mbwa ana heshima yake, na tonge la kwanza lilikuwa lake kabla ya mtu kula.

"Akampiga," Bibi alisema. "Mbwa akadhani ni mchezo, akarudi."

Nilishikwa na aibu, mimi niliyezaliwa Tanga, kwa mambo ya watu nisiowajua katika nchi nisiyoikanyaga. Nikamwomba radhi kwa niaba ya Waislamu. Akanivuta sikio.

"Wewe ulikuwepo?"

"Hapana."

"Basi usijipe ukubwa. Jirani yetu Mwislamu alikuwa akimpitishia bibi yangu mkate juu ya ukuta. Huko pia hukuwepo."

Bibi yake huyo alipokufa, mbwa aliingizwa chumbani akamtazama, maana kwao jicho la mbwa hufukuza uchafu wa mauti. Lakini mama yake alipokufa, wakiwa wamehamia Tehran, hakuletwa mbwa. Wengi walikuwa wameiacha mila ile. Majirani wangesema nini, mbwa ndani ya ghorofa? Aliyesema isifanywe ni Bibi mwenyewe, wakati huo msichana wa umri wangu.

"Niliona haya," aliniambia. "Mama yangu akaondoka bila kutazamwa."

Hapo ndipo aliponiomba. Kwetu tunaambiwa malaika hawaingii nyumba yenye mbwa. Kwao mauti hayakai mahali mbwa alipotazama. Sikujua niyaweke wapi maneno hayo mawili, lakini nilisema ndiyo kabla sijafikiri, kwa sababu alikuwa analia na sikuwahi kumwona akilia.

Akaongeza sharti. Binti yake wa pekee, anayekaa Campbelltown, mbali kusini mwa jiji, alisilimu alipoolewa. Hakuna aliyemlazimisha. Alimpenda mtu, kisha akaipenda dini. Kila Jumapili alikuja na sufuria la wali, adhuhuri ikiingia akaswali humo humo chumbani kwa mama yake, na mama akaniashiria nishushe pazia jua lisimchome machoni. Walipendana. Hata hivyo Bibi alisema, "Usimwambie habari ya mbwa. Mbwa hawaingii nyumbani kwake. Atakataa, na nitakufa tumegombana." Nikaapa.

Nilimwambia mama yangu tu.

"Mbwa?" alisema. "Wewe unayevuka barabara ukiona kijibwa cha kubebwa kwapani?"

"Nimeahidi, mama."

"Haya, ahadi ni ahadi. Ila akikulamba, ni kunawa mara saba, moja kwa udongo. Na usiniingilie jikoni hivyo hivyo."

Nikaanza kusoma, na kusoma ndiko kulikoniponza. Nikakuta imeandikwa kwamba mbwa wa kazi ile anafaa awe wa macho manne, yaani mwenye madoa mawili juu ya macho, kama macho mengine. Nikaliandika hilo kwenye daftari langu, nikalipigia mstari mara mbili. Bibi hakuwahi kunitajia madoa, wala mimi sikumuuliza. Niliona kuuliza ni kukiri kwamba sijui.

Jirani wa ukuta mmoja, mzee Mwaustralia aliyestaafu, alikuwa na mbwa mdogo mweupe, mkongwe, jicho moja limeingia ukungu. Kila asubuhi Bibi alikata kipande cha yai lake kabla hajaonja mwenyewe, akanituma nikirushe juu ya ua. Nilikirusha na kukimbia. Mtu yeyote angejua mbwa wa Bibi ni yupi. Mimi niliandika daftarini: *jirani, mweupe, jicho bovu, hafai.*

Niliyemchagua alikuwa mbwa mweusi wa kuchungia kondoo, mwenye madoa ya kahawia juu ya macho, sawasawa kama kitabu kilivyosema. Mwanamke mwenye mbwa huyo nilikutana naye bustanini kando ya kijito. Nilimweleza, akashangaa, akakubali, akanipa namba yake. Tukafanya jaribio la kutembea na mbwa kutoka getini kwake hadi kwa Bibi: dakika ishirini na mbili. Niliona nimemaliza kila kitu.

Bibi alikufa Jumanne, saa moja na dakika kumi asubuhi. Nilikuwa nimeshika kikombe. Alivuta pumzi, nikangoja nyingine, haikuja. Daktari alifika saa mbili, akaandika karatasi zake, akanipa pole. Nilimpigia binti yake. Alilia kwanza, kisha akasema kwa sauti ya mtu anayejikaza, "Watu wa mazishi wamesema saa nne u nusu. Natoka sasa hivi, lakini barabara imejaa."

Nikampigia mwenye mbwa. Hakupokea. Nikampigia mara tisa. Saa tatu kasoro akajibu kwa ujumbe: yuko kazini, ghalani Wetherill Park, mbwa amefungiwa uani na ufunguo anao yeye. Angetoroka wakati wa mapumziko yake ya saa tatu u nusu, tukutane getini kwake.

Nilipotoka barazani kutazama barabara, jirani alikuwa amesimama uani kwa Bibi, mbwa wake mikononi.

"Leo yai halijaja," alisema kwa utani. Kisha akaniona uso. "Kuna nini?"

"Amefariki."

Akavua kofia. "Huyu amekuwa akililia ukutani tangu alfajiri. Ningeweza kumwingiza amuage?"

Nikasema, "Hapana, asante. Si yeye."

"Si yeye vipi?"

Sikumweleza. Nimejiuliza mara nyingi kwa nini. Jibu ninaloweza kulisema mbele za watu ni kwamba niliogopa kukosea, na kosa lililofanywa juu ya maiti halirekebishiki. Lakini kuna jibu jingine. Mbwa yule alikuwa hapo, hatua nne kutoka kwangu, ananihemea. Yule wa macho manne alikuwa mbali. Nilimpenda zaidi mbwa aliyekuwa mbali, na sijui ni kiasi gani ilikuwa ukamilifu na kiasi gani ilikuwa woga.

"Nenda unakokwenda," alisema jirani. "Nitakaa hapa mlangoni. Asiachwe peke yake."

Nikakimbia. Mwenye mbwa alifika saa tatu na dakika hamsini, anahema, fulana ya kazi mwilini. Akafungua geti, akanipa kamba mkononi, akarudi garini akikimbia awahi kazini. Kwenye jaribio mwenyewe alikuwa pamoja nasi. Peke yangu, mbwa hakunitambua. Alisimama kwenye kila nguzo. Nilivuta, akakaa chini. Nikamsihi kwa Kiswahili, mtu mzima kando ya barabara, machozi yananitoka: "Twende baba, twende, nakuomba." Akanilamba mkono mpaka kwenye kiwiko. Mwili ulinisisimka wote, na sikuwa na muda hata wa kujifuta. Nilipoona saa nne na dakika kumi nilimbeba. Mbwa mzima wa kondoo, nikambeba kifuani kama gunia, nikaenda nikiyumba.

Nilipokunja kona, barabara ilikuwa tupu. Jirani alikuwa amesimama getini, kofia mkononi.

"Waliwahi," alisema. "Wameondoka sasa hivi tu."

Binti yake alikuwa chumbani, amekaa kwenye kiti changu karibu na kitanda kitupu. Alinitazama, akamtazama mbwa niliyembeba, na nikaona uso wake unaelewa.

"Alikuomba," alisema.

"Ndiyo, dada."

"Macho manne." Akanyoosha kidole kuelekea madoa yale. Alijua. Kumbe alijua yote. "Nilifika nikamkuta yule mzee mlangoni na mbwa wake. Nikasema, kumbe mama amepanga, na wewe umemweka pale. Nikangoja urudi umwingize. Walipofika, niliwaambia wasubiri. Wamesubiri robo saa. Sikutaka kuingilia mambo yake. Nilidhani hakutaka mimi ndiye nifanye."

"Alidhani utakataa."

"Najua alivyodhani." Alijifunika uso kwa ncha ya mtandio. "Ningembeba mwenyewe. Ningembeba yule wa jirani nikampakata hapa hapa, kisha ningejitwaharisha nikaswali. Ni mama yangu. Mbona hakuniuliza?"

Mimi pia nilikuwa nimenyamaza wiki sita.

Akachukua simu, akawapigia watu wa mazishi. Nilimsikia akiuliza, kwa upole, kama inawezekana kumleta mbwa. Akasikiliza. Akasema asante. Hawaruhusu wanyama.

Mbwa alikuwa amekwenda kitandani, akanusa shuka, akanusa mto. Nikauliza jambo ambalo bado linanitia aibu. "Hiyo inahesabika?"

"Mimi sijui," alisema. "Wewe ndiye uliyesoma."

Hakulisema kwa ukali, na ndiyo maana liliniingia. Kisha akajifuta macho. "Umesoma nini kingine? Nini kinatakiwa kufanywa sasa?"

Nilikuwa na kurasa kumi na nne. "Taa," nikasema. "Ile yake ya rafuni. Iwake pale alipolala, siku tatu."

Akaiteremsha, akaitikisa. Ilikuwa kavu; Bibi alikuwa ameacha kuiwasha tangu azidiwe. Akafungua makabati, akatoa chupa ya mafuta ya kupikia, ya alizeti.

"Haya yanafaa?"

Daftari langu lina ukurasa mzima juu ya mafuta ya taa ile. Alizeti hayamo. Nikatikisa kichwa nisijue mwenyewe nimekataa au nimekubali. Hakunisubiri. Alimimina, mengine yakamwagika mezani, akatafuta kiberiti kila mahali na hakukiona, maana jiko la mle ndani ni la umeme.

"Nenda kwa jirani," aliniambia. "Mwombe moto."

Nikatoka. Nilisimama mbele ya mlango wake muda mrefu kabla sijagonga.