Namba ya Mguu wa Baba

Kazi yangu ni kuandika misimbo ya magonjwa katika hospitali moja ya Upanga. Daktari anaandika kwa maneno yake, kwa mwandiko kama kuku kapekua, nami nageuza kuwa herufi na tarakimu ili bima ijue inalipia nini. Mguu ukivunjika chini ya goti unaangukia S82, halafu zinafuata tarakimu nyingine: ni mfupa upi, umevunjikia wapi, ngozi imepasuka au la. Nimeziandika nyingi mno. Pikipiki za mji huu zinahakikisha sikosi kazi. Na sheria yetu kubwa ni moja tu, unaandika kilichoandikwa. Daktari asipotaja kidonda, kwako hakuna kidonda, hata kama mgonjwa kapita mlangoni kwako akichuruzika damu.

Baba yangu ni fundi cherehani. Maisha yake yote ya mjini ameketi kwenye baraza ya duka la vitambaa Kariakoo, akikanyaga cherehani cha miguu na kushona kanzu. Tulimshauri afunge mota, akakataa, akasema mota haijui kupunguza mwendo kwenye shingo ya kanzu. Siku hiyo alikuwa anavuka barabara pale Mnazi Mmoja baada ya kuswali adhuhuri, bodaboda ikamkumba na dereva akakimbia. Wapita njia walimpakia kwenye bajaji wakamleta hospitalini kwetu, kwa kuwa mfukoni walimkuta na kadi ya bima niliyomwandikisha mimi. Mfupa wa muundi ulikuwa umevunjika. Ngozi haikupasuka, ilichubuka tu. Wakamfunga plasta ngumu, wakampangia kliniki.

Hapo ndipo adabu ilipotuponza. Baba ni mtu wa Lindi, mtu wa zamani. Ukimkuta nyumba inamwungulia ukamwuliza habari za hapa, atajibu nzuri kwanza, ndipo akuombe ndoo ya maji. Na daktari mwenyewe alikuwa kijana mdogo mwenye heshima zake.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba, mwanangu."

"Unaendeleaje na mguu?"

"Nzuri, alhamdulillahi. Hatujambo."

"Hauumi sana?"

"Aah, kawaida tu. Poleni nyie na kazi."

Kijana akatazama picha ya eksirei, akaona mfupa umekaa sawa, akaandika: anaendelea vizuri. Jalada likaja ofisini kwetu, likapewa S82 ile ile, ya mvunjiko usio na kidonda. Kliniki iliyofuata ikawa hivyo hivyo. Wala baba hakuona kama anamdanganya mtu. Kwake yeye "unaendeleaje" ni salamu, na salamu ina jibu lake.

Nyumbani kwetu Magomeni alikuwa akiguna chumbani. Nikimwuliza, anasema joto. Nikimwuliza tena, mbu. Baba ana sukari, na chini ya plasta ile michubuko ilikuwa inaoza taratibu. Sikunusa kitu, kwa sababu alikuwa anaupaka mguu mafuta ya mawaridi, eti asiwe kero kwa watu. Nyumba nzima ilinukia kama tuna maulidi. Mpaka asubuhi moja harufu ikayashinda mawaridi. Nilifunua shuka, nikapiga ukelele hadi majirani wakaja.

"Mficha maradhi kifo humuumbua, baba!" nilimfokea. Sikuwahi kumfokea baba maishani mwangu.

"Sasa ulitaka nimlilie mtoto wa watu?" alisema. "Ana wagonjwa wengi yule."

Tukamkimbiza hospitali wakamlaza. Walipoifungua plasta, nesi aligeuza uso.

Kwetu, operesheni yoyote inaombewa kibali cha bima kwanza, na ombi linapita ofisini kwetu kuwekewa msimbo. Ndiyo maana mara nyingi sisi tunajua kabla ya mgonjwa. Nilishazoea, sikuwahi kukaa nikalifikiria. Jalada la baba lilitua mezani kwangu mchana. Maambukizi kwenye mfupa. Kukata mguu chini ya goti. Na yeye alikuwa ghorofa ya juu, asubuhi ile ile kanituma nikamwambie mwenye duka asimpe mtu mwingine nafasi yake barazani. Nilitafuta msimbo kwenye kompyuta kama ninavyoutafuta wa mtu yeyote, vidole vinajijua. Nilimchukia yule kijana daktari. Nilimchukia na baba pia, kwa dakika hiyo, na uungwana wake. Lakini ombi likichelewa sumu ingezidi kupanda, kwa hiyo nikalituma, nikaenda kujifungia chooni nikalia mpaka mwenzangu akaja kunigongea.

Baba alipoambiwa, aliuliza mguu ukishakatwa unapelekwa wapi. Daktari akababaika, akasema hospitali ina utaratibu wake. Baba akasema mguu wake si takataka, apewe mdogo wake akauzike.

Basi baba mdogo akaubeba, umeviringishwa kitambaa cheupe, akaenda nao makaburini na wanaume wachache wa mtaani. Mimi nilibaki nyumbani, wanawake hatuendi kuzika. Majirani zangu walikuja wakasimama mlangoni, hawajui watoe pole ya mgonjwa au ya msiba. Nami sikujua niwapikie au nisiwapikie. Walikaa kidogo kwenye mkeka, wakaniaga wakaondoka.

Baba mdogo aliporudi tulikwenda wote wodini. Baba alikuwa macho, shuka limelala bapa pale ambapo mguu ungekuwa. Akauliza kama walichimba kina cha kutosha, mbwa wasije wakafukua. Baba mdogo akamwambia wamechimba. Akauliza ni sehemu gani. Akaelezwa kwamba ni upande wa ukutani, pembeni ya kaburi la marehemu mama yangu.

"Haya," alisema, akanishika mkono. "Siku yangu ikifika mnilaze hapo hapo. Kiyama kikija nisianze kuhangaika kuutafuta, na mwenyewe siwezi kutembea."

Baba mdogo akatoka nje. Nilibaki nimeshikwa mkono, nikamwahidi.