Tulimpeleka Mama kuliona ziwa aliloahidiwa na kaka, kabla hatujamzika kaka mwenyewe

Wakuu, salaam kwenu mlioko kazini na mnaojifanya mko kazini.

Mimi humu ni mtu wa kusoma, kucheka na kupita. Leo naandika. Yote nitakayosema yametokea, majina tu ndiyo nimeyageuza. Wale wazee wa "hii chai", mnaoona kila stori ni ya kutunga, karibuni mketi, maandazi mtajitegemea.

Mimi ni mwalimu wa sekondari, nimepangiwa huku Issenye, wilaya ya Serengeti. Kwetu ni Tarime, upande wa kuelekea Sirari. Sisi ni Wajaluo, na nusu ya ndugu zetu wako ng'ambo ya mpaka, kwa hiyo ukisikia Kiswahili cha nyumbani kwetu usicheke.

Nilikuwa na kaka mmoja tu. Nitamwita Otieno.

Otieno alikuwa tour guide. Siyo wa kubahatisha, guide hasa. Alikuwa anaingiza vikundi vidogo hifadhini kwa geti la Ikoma, wanashinda humo, jioni wanatoka. Akija nyumbani anatusimulia wanyama mpaka chai inapoa. Lakini kitu alichokipenda kuliko vyote ni ziwa moja dogo huko ndani, Ziwa Magadi, limekaa chini ya vilima vya mawe. Anasema likiwa na heroe, yaani flamingo, pembeni kote ni pinki.

Kila akija anamwambia Mama, "Mwaka huu nakupeleka." Mama anajibu, "Mwaka huu upi? Mimi nazeeka." Wanacheka. Mwaka unaisha.

Ikaja corona. Wageni wakakatika kabisa, magari ya watalii yakaota majani uani kwa matajiri.

Kipindi hicho Tarime kukatoka rashi. Kwa wasiojua, rashi ni pale dhahabu inapoonekana sehemu mpya na kila mwenye mikono miwili anakimbilia. Walimu walikwenda, waendesha boda walikwenda, hata mwimbaji wetu wa kwaya alikwenda. Otieno naye akaenda na rafiki yake wa kazini, Mkurya wa Nyambureti, nitamwita Marwa. Walikuwa guide wote wawili. Wakawa wachimbaji wote wawili.

Wakuu, sitaki kurefusha hapa maana bado panauma. Duara, yaani shimo la kuchimbia, liliporomoka mchana kweupe. Waliokuwa chini pamoja naye walitoka wote. Otieno hakutoka. Walijaribu kufukua, udongo ukawa unazidi kumeguka, mwisho wakaambiwa waache kabla hawajazikwa wengine.

Sasa sikilizeni kilichotuua mara ya pili.

Mmoja wa waliopona alisema akiwa juu kwenye ngazi aligeuka, akaona tochi ya Otieno inarudi ndani. Alisema hivyo tu. Watu wakamalizia wenyewe. Karudi kuchukua mfuko wake wa mawe ya dhahabu. Tamaa. Kaacha mke na watoto kwa ajili ya mfuko.

Hiyo stori ilitembea Tarime nzima, ikavuka Sirari, ikarudi ikiwa imenona. Mara mfuko ulikuwa mmoja, mara miwili. Nilishawahi kuisikia sokoni kutoka kwa mtu asiyejua kwamba anamsimulia dada wa marehemu. Nilinunua nyanya zangu nikaondoka.

Kwetu mtu akifa na mwili usipatikane, tunazika tunda la yago mahali pake. Yago ni lile tunda refu, zito, la mti wa mwegea. Linalazwa kaburini kama mtu, linaombewa, watu wanalia, msiba unaisha. Mchungaji wetu ana maneno yake kuhusu hilo, ila siku zote anakuja.

Mama akakataa.

Wazee wa ukoo walikuja wakaongea, shangazi akatoka Migori akaongea. Mama aliwajibu wote jibu moja. "Nikizika yago, nitakuwa nimekubali kwamba mtoto wangu alikufa kwa ajili ya mawe. Siziki mawe mimi."

Basi kaka akakaa hivyo. Hayuko hai, hajazikwa. Wifi yangu Akinyi akawa mjane asiye na kaburi. Hawezi kusema mume wangu alikuwa, hawezi kusema mume wangu yuko. Watoto shuleni wanaitwa watoto wa mfuko. Msimu ukapita, ukapita mwingine.

Na Marwa? Alipona, akapotea. Hakuja msibani hata siku moja. Mama hakuwahi kulitaja jina lake tena.

Utalii uliporudi nikasikia Marwa amerudi kazini. Halafu siku moja akanipigia simu. "Mwalimu, shikamoo." Huyu mtu ananizidi umri, ananiamkia! Nikajua ana jambo. Akasema anataka kumpeleka Mama kwenye lile ziwa. Gari ameruhusiwa na bosi wake.

Nilidhani Mama atamtukana. Akasema, "Nitaenda. Nataka nimtazame usoni."

Mama na Akinyi wakaja Issenye, wakalala kwangu. Asubuhi Marwa akafika na gari lile la juu wazi. "Shikamoo mama." Mama akamtazama sana. Kisha akasema marahaba na kupanda gari. Tulikuwa sisi watatu na mwalimu mwenzangu Neema, mtu wa Mbeya, aliyeomba lift ya kwenda kupiga picha na hakujua kaingia kwenye msiba wa watu.

Tukapita Nata, tukaingia geti la Ikoma.

Nimeishi jirani na hifadhi miaka, sikuwahi kuingia. Nadhani wengi wetu huku tuko hivyo. Tembo tunamjua akija kula mahindi, siyo akiwa kwake. Neema alikuwa anapiga kelele kila akiona swala. Mama alikaa tu mkoba mapajani, kama yuko foleni ya hospitali.

Karibu na Seronera mtoni kuna miegea, matunda yananing'inia mengi. Nikaona Akinyi ameyaona. Mama naye aliyaona, akageuza uso upande wa pili.

Sasa kuna kitu Marwa alikuwa anafanya.

Kila tukisimama sehemu ya kushuka, choo au mahali pa kula, wakati wa kuondoka anafungua mlango, anasubiri wote tupande. Halafu yeye hapandi. Anazunguka gari, anaenda mpaka pale tulipokuwa tumekaa, anatazama nyuma ya mti, nyuma ya jiwe. Ndipo anarudi. Tuko wanne tu jamani, na wote anatuona tumekaa!

Mama alivumilia. Baadaye akashindwa.

"Wewe Marwa, unatafuta nini huko? Si sote tuko hapa?"

"Ndiyo mama, mko wote."

"Sasa?"

"Ndiyo kazi ilivyo, mama. Guide anapanda wa mwisho, na kabla hajapanda anaangalia nyuma. Hata kama anajua hakuna mtu. Huku ukimsahau mtu, umemuua." Akawasha gari. "Otieno ndiye alinifundisha. Alikuwa ananigombeza sana, alisema anayewahi kupanda huyo siyo guide, ni dereva."

Mama akaushusha mkoba kutoka mapajani.

Tukafika kwenye vilima vya mawe. Kuna mwamba mmoja wanaruhusu kushuka, ukipanda juu kidogo unaliona ziwa lile chini. Tulimshika Mama mikono huku na huku mpaka akafika.

Wakuu, nilikuwa nimejiandaa kuona pinki. Heroe walikuwa wachache, mbali kule katikati, wamesimama wamechoka. Maji yalikuwa yamerudi nyuma na pembeni kote kumeganda kitu cheupe. Niliumia kwa niaba ya kaka. Nikataka kumwambia Mama msimu siyo wenyewe.

Mama akakaza macho. "Yawa! Ile nyeupe si ni magadi?"

"Ni magadi, mama."

"Haya haya ya kuchemshia mboga? Yamekaa tu hivyo? Marwa, nishushe nichote kidogo."

"Hapana mama, huku hakitoki kitu. Hata jani."

"Mtoto alinisumbua na ndege, kumbe kuna magadi ziwa zima, hajaniambia!"

Akacheka. Wallahi Mama alicheka, na mimi na Akinyi tukacheka, ilikuwa mara ya kwanza tangu msiba. Halafu kile kicheko kikamgeukia katikati, akawa analia. Tukakaa chini pale juu ya mwamba.

Marwa alikuwa amesimama pembeni. Akavua kofia.

"Mama, mimi nilikuwa naye chini."

Mama akasema, "Najua. Ndiyo maana nimekuja."

Nitaandika alivyosema, nimeyashika yote.

Alisema kule chini walianza kusikia matimba yanalia, ile miti inayoshikilia udongo. Sheria ya duara ni kila mtu na roho yake. Ukisikia mti umelia unakimbilia ngazi, wa mbele ni wa mbele. Watu wakaanza kusukumana, na ngazi ni moja. Otieno akaishika ngazi kwa chini ili isiyumbe, akawa anawapandisha. Mmoja mmoja, msisukumane, mmoja mmoja. Marwa anasema alikuwa anatumia ile sauti ya kuongea na wageni, ya upole kabisa.

"Mimi nilikuwa wa mwisho kabla yake. Nikamshika mkono, nikamwambia mura, ndugu yangu, tangulia wewe. Akanisukuma juu. Akasema, panda, mimi naangalia nyuma."

Mama akauliza, "Nyuma kulikuwa na nani?"

Marwa akasema, "Hakukuwa na mtu, mama. Tulikuwa tumetoka wote. Lakini aligeuza tochi akarudi hatua chache kuangalia, kama tunavyofanya kwenye gari. Ndipo duara likaporomoka."



"Na mfuko?" Mama akauliza.

"Mfuko wake niliutoa mimi asubuhi, mama. Ulikuwa juu. Kule chini hakuwa na kitu chochote."

Akinyi akatoa sauti ambayo sitaki kuisikia tena maishani.

Mama akamuuliza kwa nini alikaa na hilo neno muda wote huo. Marwa akasema, "Wangeniuliza, na wewe ulipandaje kabla yake? Kwetu mwanaume haachi mwenzake. Niliona haya, mama. Wale wengine walishatawanyika na rashi, na habari ya mfuko hawakuijua. Kila mtu akisema mfuko, mimi nanyamaza, nikalala na hiyo aibu kila siku."

Nilikuwa na hasira wakuu, msinione mtakatifu. Nilitaka kumsukuma kwenye ule mwamba. Watoto wa kaka yangu wanaitwa watoto wa mfuko, na jibu analo mtu mmoja, amekaa nalo kifuani!

Mama ndiye aliyemwita. "Njoo hapa." Akaja, akapiga magoti. Mama akamshika kichwa kwa mikono yote miwili, akamtazama usoni, kama alivyosema atafanya. Alimtazama muda mrefu. Mwisho akasema, "Mtoto wangu alikupandisha. Basi na wewe ni wangu. Vaa kofia, jua kali."

Tukashuka. Tukapanda gari. Marwa akazunguka, akaenda kule juu kwenye mwamba kuangalia nyuma, na safari hii sote tulikuwa tunamtazama, hakuna aliyemharakisha. Neema alikuwa analia kutuzidi sisi wenye mtu.

Jioni tukatoka getini. Tulipokaribia Issenye, kwenye shamba la mtu kando ya kijito, Mama akasema, "Simama." Kulikuwa na mwegea. Mzee mwenye shamba alikuwa anafunga ng'ombe. Mama akamsalimia, akamwomba tunda moja. Yule mzee ni Mwisenye, mwenyeji wa huku, mila zetu hazijui, lakini alitutazama nyuso zetu akaelewa. Alituangushia mwenyewe, akachagua refu.

Mama akalifunga kwenye kitenge chake, akalipakata. Njia nzima mkono wake ulikuwa juu yake.

Tumezika wakuu. Watu walijaa kutoka Tarime na ng'ambo. Marwa alisimama mbele ya wote akasema yale yale aliyoyasema mlimani, mbele ya wakubwa wake na vijana wa rika lake. Wale wa mfuko walikuwepo, nimewaona, walikuwa wanatazama viatu vyao. Watoto wa kaka walikaa mbele, wakasikia.

Udongo ulipojaa, tukaanza kurudi nyumbani kama ilivyo kawaida, Mama atangulie sisi tumfuate. Mama akakataa.

"Tangulieni," akasema. "Mimi naangalia nyuma."

Tukapita wote, wajukuu, wazee, kwaya, mchungaji. Akabaki peke yake pale kaburini, akageuka taratibu, akatazama kila upande kama kuna aliyesahaulika. Hakukuwa na mtu. Ndipo akaja.

Nilichojifunza hakina ukubwa. Mtu akifa, usimmalizie stori yake kama hukuwepo. Na kama ulikuwepo, hata kama unaona haya, nenda kwa mama yake ukamwambie. Usisubiri aje kukutazama usoni.

Waliowahi kushuka maduara, na ma-guide mlioko humu, semeni lolote. Hata wa chai leo semeni. Mama hajui kutumia simu, jioni nitamsomea comments zenu, na yeye akisomewa huwa anauliza, "Huyo ndiye wa mwisho? Hakuna mwingine amebaki?"