Binti wa Mtia Rangi

Kazi yangu ya kwanza ya kueleweka pale Toronto ilikuwa kumtunza bibi mmoja Mkristo, mzaliwa wa milima ya kaskazini mwa Iraki, aliyekaa ghorofani kule Rexdale. Mwanawe na mkwewe walifanya kazi za zamu kwenye maghala ya karibu na uwanja wa ndege, kwa hiyo tangu asubuhi mpaka alasiri nyumba ilikuwa yetu sisi wawili. Mimi nilimpikia uji wa shayiri, nikampima presha, nikamvika zile soksi za kubana. Yeye alinifundisha kukunja majani ya mzabibu, na nikikunja vibaya alinigombeza. Tuliongea Kiingereza cha kuokoteza, chake na changu, na tulielewana.

Mwanawe aliponiambia kwamba mama yake anasema Kiaramu, lugha aliyoisema Yesu, nilijiona nimebarikiwa. Mimi ni Mbondei wa Muheza, nimekulia kwenye kengele za misheni, na mambo kama hayo kwangu si madogo. Nikakaa mkao wa kusikia maneno matakatifu. Loo, wiki ile ile nikamsikia bibi anaitukana bamia ya dukani kwa lugha hiyo hiyo, tena anaitukana kwa utulivu, moja moja, huku akiikata vichwa.

Baadaye nilielezwa vizuri zaidi. Si lugha ile ile hasa, bali ni kizazi chake cha mbali, na kila mji kule milimani ulikuwa na namna yake ya kuisema. Si hivyo tu. Katika mji mmoja, Wayahudi walikuwa na yao na Wakristo yao, na mgeni akizisikia angedhani watu wametoka mbali na mbali, kumbe wanapakana ukuta. Wayahudi walihamia Israeli karibu wote kwa mkupuo, Wakristo wakatawanywa na vita, na watoto wao wakashika lugha za huko walikofika. Waliobaki na lugha ile walikuwa wazee.

Aliyenieleza hayo ni kijana mmoja wa chuo kikuu, aliyekuwa akija kila wiki na mashine ya kurekodi na mfuko wa kaseti. Alikuwa mpole, mrefu, anavua viatu mlangoni bila kuambiwa. Bibi alimsimulia jinsi walivyokuwa wakioka mikate, wakikausha zabibu, wakiozesha mabinti. Kijana akasikiliza kwa macho yaliyotulia, na akienda nyumbani husikiliza tena na tena mpaka ayaandike yote.

Siku moja aliniuliza lugha yangu ni ipi. Nikamjibu kwa maringo kwamba ni Kiswahili. Akauliza bibi yangu mzaa mama alisema nini. Nikachukia, sijui kwa nini. Nikamwambia alisema Kibondei, mimi nakisikia kidogo na kukisema hakuna, na mwanangu pale mtaani kwetu Jane na Finch nikimsemesha Kiswahili ananijibu Kiingereza, kwa hiyo asiniulize maswali ya kuniumiza kichwa, anywe chai. Akanywa. Lakini siku ile kwenye basi la Finch nilijaribu kukumbuka jinsi bibi yangu alivyokuwa akituamsha asubuhi, nikapata maneno mawili tu. Nilihuzunika mpaka nikapitiliza kituo changu.

Mambo yaliharibika kijana alipoteleza ulimi. Alisema kwamba upande wa mtaa wa Bathurst kuna mzee wa Kiyahudi, naye anamrekodi, na ametoka mji ule ule wa bibi. Bibi akaweka kikombe chini. Akauliza ni wa nyumba gani. Kijana akasema baba wa mzee huyo alikuwa mtia rangi nyuzi.

Bibi akakisogeza kiti chake karibu nasi. Kisha akatusimulia, na kijana akanitafsiria yale ambayo Kiingereza chake kilishindwa kuyabeba. Nyumba ya mtia rangi ilipakana na yao. Wayahudi hawawashi moto siku ya Sabato, na kule milimani baridi ni ya kuua, kwa hiyo kila Jumamosi asubuhi msichana wa Kikristo wa jirani aliingia kuwawashia jiko. Msichana huyo alikuwa yeye. Kazi ni ya kitambo kidogo, lakini mke wa mtia rangi hakumwacha aondoke. Alimkalisha kwenye mkeka pamoja na binti yake, akawalisha jozi na zabibu, akawasuka nywele, akawagombeza wote wawili kwa pamoja. Kwa mama yule ndipo bibi alipoishika ile lugha ya Wayahudi wa mji ule, na yeye na binti yule wakawa hawaachani. Wayahudi walipoondoka, bibi alikuwa ameolewa kijiji kingine. Alipokuja kusalimia kwao alikuta nyumba ile ina watu wengine. Tangu hapo hakupata habari ya rafiki yake, kama yu hai au amekufa. Mzee wa Bathurst lazima atakuwa ni mdogo wa kiume wa binti yule.

"Mlete," bibi akamwambia kijana.

Kijana akasita, na sababu yake haikuwa ya kijinga, nakiri hivyo. Alisema ameshawahi kuwakalisha pamoja wazee wa namna mbili za lugha, na kila mmoja kwa adabu akawa anafuata usemi wa mwenzake, mpaka alichokipata kwenye kaseti si cha huyu wala si cha yule. Bado hajamaliza kumrekodi bibi wala mzee. Akaomba asubiriwe mpaka kazi iishe, ndipo awakutanishe.

"Mimi si maziwa," bibi akasema, "kwamba nikitiwa ndimu nitaganda."

Basi akagoma. Kijana alipokuja wiki iliyofuata alikaribishwa, akapewa chai na biskuti, akaulizwa hali ya mama yake, na mashine ilipowashwa bibi akaanza kusimulia hali ya hewa. Kwa Kiingereza. Theluji ya jana, theluji ya leo, theluji itakayokuja. Wiki nyingine ikawa vivyo hivyo. Mimi nilijifanya napanga dawa, kumbe nacheka. Ila kijana alipokwisha kutoka nilimkuta bibi akihesabu miaka kwenye vidole, na nikaacha kucheka. Wakati wa kusubiri hakuwa nao, na alilijua hilo kuliko sisi. Nikamfuata kijana mpaka kwenye lifti nikamwambia kwamba kaseti zake zitamsubiri, lakini mtu wa miaka sabini anayemtafuta mwenzake hawezi kusubiri. Alinitazama kama mtu aliyekuwa akijiambia hivyo hivyo.

Akamleta mzee asubuhi moja ya wazi, yenye jua lisilopasha joto. Mzee alikuwa mfupi, amevaa tai, amebeba boksi la keki. Alipomwona bibi alivua kofia, kisha akakumbuka kijikofia cha dini kilichokuwa chini yake, akakirekebisha. Bibi akamsemesha kwa lugha ya kwao mzee, si ya kwake. Mzee akashika kiti. Kijana akaninong'oneza kwamba bibi ameuliza kama bado analia akioshwa nywele.

Walicheka, wakafuta macho, wakataja watu. Nilijua bibi anazunguka. Swali lenyewe alikuwa analiogopa. Mwishowe akauliza, na mzee akakunja kofia yake mapajani kabla ya kujibu. Dada yake yu hai. Yuko Israeli, kwa binti yake. Lakini akili imemwacha, ni mwaka wa tatu sasa. Wanawe wanamsemesha Kiebrania, hajibu, na siku nyingine halambi hata kijiko cha supu. Mzee mwenyewe humpigia simu kila wiki. "Namsemesha lugha yetu," alisema, "ananiita daktari."

Bibi akasema rafiki yake apigiwe simu.

Mzee alijaribu kumzuia. "Hatakutambua," alimwambia, "utaumia bure." Hata mimi nilitaka kusema asifanye hivyo, kwa sababu najua jinsi mtu anavyoumia kusahauliwa. Lakini bibi alikwisha kusogeza simu, akamnyooshea mzee mkono wa simu apige namba. Kule ilikuwa jioni. Mzee akaongea na mpwa wake, akaeleza, akasubiri, kisha akabonyeza kitufe cha spika ili sote tusikie. Tukasikia pumzi. Tukasikia mtu akiweka simu karibu na sikio la mwingine.

Bibi akainama. Akasema maneno machache ya lugha ile aliyoishika kwenye mkeka wa mke wa mtia rangi, polepole, kwa sauti ambayo sikuwahi kumsikia nayo hata akisali. Alitaja jina lake. Alitaja jina la mwenzake. Akanyamaza.

Mashine ya kijana ilikuwa inazunguka, lakini yeye hakuwa anaitazama.

Kisha ile sauti ya upande wa pili ikasema neno moja, kwa kuuliza. Lilikuwa neno ambalo sikuhitaji kutafsiriwa.

"Mama?"

Mzee akaweka kofia usoni. Nikamwona bibi amefungua mdomo kusema tena jina lake. Miaka yote ile alitaka kitu kimoja tu, rafiki yake amjue, na jina lilikuwa pale pale mdomoni. Akaufunga mdomo. Akavuta simu karibu, akajibu, na kijana akanitafsiria.

"Ndiyo, mwanangu, ni mimi. Umekula?"