Mwende Wangu na Nyumba ya Mashetani

Leo nimefukuza wageni kwa ile nyumba ya mawe ya Kalamba, na shetani mwenyewe ni mimi.

Watu husema mle ndani kuna mama husikika akisaga unga, na hakuna mtu anaishi. Watoto wangu niliwakataza hata kupita hapo.

Sasa leo msichana wangu Mwende ameanza kazi ya kuwatembeza wageni wa Nairobi humo, akiwapa hadithi ya hiyo nyumba.

Kukaa nyumbani nikashindwa!

Nikaingia na mlango wa nyuma, nikapiga magoti nimuombee polepole. Lakini kuomba kwetu mnakujua, hakuna polepole.

Kwa hadithi, Mwende alikuwa amefika pale yule mama anaanza kusaga. Wageni wakasikia sauti yangu. Wakatoka mbio, mmoja akaacha kiatu.

Nikajua nimemharibia kazi.

Yeye akacheka, akawaita: "Rudini! Huyo ni mama yangu. Anaogopa hii nyumba kuliko nyinyi, na ameingia kwa sababu niko ndani."

Jamani, wakarudi wote.

Mwende akaendelea pale alipoachia. Mimi nikasimama nyuma ya wageni, na kwa mara ya kwanza nikasikiliza hadithi ya hiyo nyumba mpaka mwisho.

Wamama, nyinyi mngebaki nyumbani?